Uwanja wa Tanurini na Nyasi Zake

Katika nchi moja ambayo jina lake silitaji, kwa kuwa kulitaja bila kibali ni kosa na kibali chenyewe hupewa wasiokihitaji, upo mji uitwao Tanurini. Mimi ni mwenyeji wa hapo. Nimezaliwa hapo, nimekohoa hapo, na Mungu akipenda nitazikwa hapo hapo, kama makaburi hayatakuwa yamepandishwa hadhi.

Mji wetu ulijengwa kuzunguka tanuri la kuyeyushia chuma. Moshi wake uliingia kwenye nguo tulizoanika, kwenye uji wa watoto, kwenye ndevu za shehe na kwenye kanzu nyeupe ya padri. Hatukulalamika. Tukiuona moshi tulijua kuna zamu, na tukijua kuna zamu tulibandika sufuria jikoni bila wasiwasi.

Uwanja wa mpira waliujenga wafanyakazi wenyewe, kila wakitoka zamu. Majukwaa waliyatengeneza kwa yale makapi ya tanuri ambayo mafundi huyaita mavi ya chuma, wakayamwaga, wakayasawazisha, wakayashindilia kwa miguu. Magoli yalikuwa ya mabomba yaliyokataliwa na mteja. Paa lilikuwa la bati zilizotoka kiwandani zimepinda. Kiwanja chenyewe kilikuwa cha udongo mwekundu, na timu za ugenini zilikiogopa sana, kwani mchezaji asiyezoea alikuwa akipumua mara chache tu kisha anaomba abadilishwe.

Timu yetu iliitwa Nyundo. Kocha wake alikuwa Shomari Kidungwe, msimamizi wa zamu kwenye tanuri, mtu wa mabega mapana na maneno machache. Yeye na marehemu baba yake walibeba makapi ya jukwaa la mashariki kwa karai. Akacheza hapo beki wa kati mpaka magoti yalipokataa, ndipo akawa kocha. Hakujaliwa mtoto, ila alimlea mpwa wake, Sijaona, tangu mama yake Sijaona alipofariki. Kijana akakua, akawa mpakiaji wa nondo kiwandani na kipa wa Nyundo. Alikuwa na viganja ambavyo mpira ukiingia ulionekana kama chungwa.

Mke wa Shomari, Bi Mwanvita, ndiye aliyekuwa mshangiliaji mkuu. Sauti yake ilimfanya mshika kibendera anyooshe mkono kabla hajafikiri.

Hivyo ndivyo tulivyoishi, gizani na katika ujinga, kabla ya maendeleo.

*

Maendeleo yalianza pale Rais wetu, Baba wa Mafanikio, alipokwenda ziara ya nje na kuonyeshwa uwanja. Inasemekana alisimama mbele ya ule uwanja akatokwa machozi, akauliza, "Kwa nini mimi sina?" Wasaidizi wakashindwa kumjibu, wakafukuzwa kazi.

Wiki iliyofuata akaja Tanurini Mheshimiwa Gaudensi Lutakome, Waziri wa Michezo, Shangwe na Utulivu. Alipanda jukwaa la mashariki, akakunja suruali isichafuke, akashika kipaza sauti.

"Ndugu wananchi! Mimi waziri wenu leo nimesimama juu ya mavi!"

Tukacheka. Askari wakawachukua waliocheka kwa sauti.

"Nasema mavi ya chuma," akaendelea. "Je, ni haki watoto wa Baba wa Mafanikio wakalie mavi? Sasa basi! Tunakwenda kujenga uwanja wa kimkakati! Uwanja shirikishi! Uwanja ambao ndege wa angani wakiupita watageuza shingo!"

Shomari alinyoosha mkono. "Mheshimiwa, tunashukuru. Ila ligi inaendelea. Wakati wa ujenzi Nyundo itachezea wapi?"

Waziri alimtazama kwa huruma kubwa. "Moyoni, kocha. Mtacheza moyoni."

Tukapiga makofi, maana lilikuwa jibu zuri. Kesho yake matingatinga yakaingia. Jukwaa la mashariki lilikuwa gumu kuliko walivyofikiri, likavunja meno ya tingatinga la kwanza. Shomari alisimama ng'ambo ya barabara akiwa na nguo za kazi, akalitazama hadi lilipolala chini, kisha akaingia zamu.

*

Ujenzi ulichukua muda mrefu, kama inavyostahili kitu kizuri. Nyundo ikawa inacheza mechi zake za nyumbani katika miji ya watu, ikizomewa kama mgeni. Lakini uwanja ulipokamilika, jamani, tulinyamaza.

Kulikuwa na lifti ya vioo. Ghorofa ya pili haikujengwa, kwa hiyo lifti ilikuwa ikifunga mlango, ikapiga muziki kidogo, ikafungua mlango pale pale, na abiria akatoka akijisikia tofauti. Kulikuwa na vyoo vya marumaru, vilivyozinduliwa kwa utepe na kufungwa kwa kufuli siku hiyo hiyo visije vikachafuliwa. Kulikuwa na zahanati yenye kitanda kimoja, kilichotengwa kwa ajili ya goti la kushoto la Rais. Kulikuwa na ukumbi wa wageni maalumu wenye viti vya mahameli ambavyo havikuvuliwa nailoni. Na kulikuwa na ubao wa matokeo mkubwa kuliko nyumba yangu, uliotengenezwa kwa namna ambayo upande wa wageni haukuwekewa taa.

Lakini fahari yenyewe ilikuwa nyasi. Zilikuja kwa ndege, zimeviringishwa kama mikeka, na kila mkeka ulikuwa na mhudumu wake. Zilikuwa za kijani kiasi kwamba watu wa Tanurini, waliozoea rangi ya kutu, walikuwa wakizitazama kupitia matundu ya uzio wa bati mpaka macho yanawauma.

Nyasi hizo zilikunywa maji mengi. Bomba la mji likaelekezwa uwanjani, nasi tukapewa ratiba ya kuoga. Zilihitaji pia mwanga, ndiyo maana taa za uwanja ziliwaka hata mchana wa jua kali, na umeme wa taa ukatolewa kwenye kiwanda. Tanuri likapunguziwa zamu. Mkuu wa Uwanja, Bwana Adelardi Mchia, alitueleza vizuri kwamba mji hauwezi kuwa na vyote, na kwamba chuma tayari tulikuwa tumekiona.

*

Siku ya uzinduzi Rais alikuja mwenyewe. Wachezaji wa Nyundo walivalishwa jezi mpya, wakapangwa kandokando ya uwanja, nje ya mstari, juu ya zulia. Rais aliwekewa mpira kwenye mto wa hariri. Akaupiga. Mpira ukaanguka kwenye zulia, ukazunguka kidogo, ukasimama. Vipaza sauti vikatoa shangwe zilizorekodiwa nchi nyingine, na ubao ukawaka: NYUMBANI 3.

Mheshimiwa Lutakome akatangaza, "Tanurini imeshinda!"

Sijaona alimgeukia Shomari. "Mjomba, tumeshinda nini?"

"Nyamaza," Shomari akamwambia. Kisha yeye mwenyewe akashindwa kunyamaza, akamfuata Bwana Mchia. "Mkuu, mechi inaanza saa ngapi?"

"Mechi gani tena? Mmeshashinda."

"Vijana wanataka kucheza. Nyumbani kwao. Hata kipindi kimoja."

Bwana Mchia alishtuka kama mtu aliyeombwa kitu cha aibu. "Juu ya nyasi?"

Ndipo tulipofahamu kwamba ipo Kamati ya Afya ya Nyasi, kwamba inakutana kila mwaka, na kwamba mkutano wa mwaka huo ulikuwa umepita jana yake.

*

Pengine tungeishi hivyo hivyo. Lakini bunge letu, lililo jepesi la kukubali, lilipitisha Sheria ya Hadhi ya Miji. Kwa sheria hiyo, mji usio na timu katika Ligi Kuu si mji wa viwanda, na mji usio wa viwanda hauruhusiwi kuwa na kiwanda. Mitambo yake itapelekwa panapostahili. Panapostahili palitajwa kwa jina, na pakawa ni kijijini kwao Rais.

Nyundo, kwa kucheza ugenini miaka yote ile, ilikuwa imeshuka hadi mkiani. Ilibaki mechi moja. Tukishinda, tunabaki ligi, na tanuri linabaki. Tukishindwa, tunashuka, na tanuri linaondoka. Mechi ilipangwa kuwa ya nyumbani, na safari hii shirikisho la mpira likasema nyumbani ni nyumbani: timu yenye uwanja uliosajiliwa ichezee kwenye uwanja wake, la sivyo pointi zinakwenda kwa mgeni.

Shomari alikwenda kwa Bwana Mchia. Akakuta kamati haijakutana. Akarudi mara ya pili. Akaambiwa apeleke mchezaji mmoja apimwe uzito wa hatua zake. Akampeleka Sijaona, wakampitisha juu ya mizani akiwa na soksi, wakampitisha tena bila soksi, wakatikisa vichwa.

"Huyu ni kipa," akasema Bwana Mchia. "Kipa anaanguka. Je, hawezi kudaka bila kuanguka?"

"Anaweza, mkuu," Sijaona akajibu, "kama watapiga mashuti ya kuniomba ruhusa."

Wakatolewa nje. Wakarudi mpaka kwenye geti la kiwanda. Zamu ya mchana ilikuwa imesimamishwa, na wanaume wamekaa juu ya ukuta wakining'iniza miguu, hawajui wafanye nini na mikono yao. Shomari akawatazama, kisha akasema, "Jumapili njooni uwanjani. Njooni na wake zenu."

*

Jumapili mchana mji mzima ulikuwa nje ya uzio. Wageni walikuwa wamefika, na refa amefika, mzee mmoja wa makamo aliyevaa saa mbili. Geti lilikuwa na kufuli. Bwana Mchia alisimama ndani akipunga mikono. "Tawanyikeni! Nyasi zimepumzika!"

Bi Mwanvita ndiye aliyeanza kuusukuma uzio. Bati zile zilitoka kwenye kiwanda chetu, na sisi ndio tuliozipigilia misumari, tulijua zinavyoachia. Uzio ukalala chini taratibu. Tukaingia. Wengi wetu tulivua viatu bila kuambiwa.

Refa alitazama saa moja, akatazama ya pili, akapuliza.

Ile mechi siwezi kuieleza nikaitendea haki. Wachezaji wa Nyundo hawakuwahi kugusa nyasi kama zile. Dakika za mwanzo walikuwa wakiteleza na kucheka kama watoto waliotoroka kwenda kuoga mtoni. Kisha wakazoea. Winga wetu akapiga krosi, mshambuliaji akaipiga kwa kichwa, na bao likaingia. Bi Mwanvita alipiga yowe, taa moja ya uwanja ikazimika. Sina uhakika kama ni yeye.

Wageni walikuja juu kipindi cha pili. Walipiga mashuti kutoka kila pembe, na Sijaona akawa anaanguka huku, anaanguka kule, mpaka mbele ya goli pakabaki shimo jekundu, udongo wetu wa zamani ukachungulia. Mwishoni wakapata penalti. Watu walifumba macho. Shomari hakufumba. Aliita tu kutoka pembeni, "Sijaona mwanangu! Subiri, usimwahi!"

Hakuwa amewahi kumwita mwanangu mbele za watu. Sijaona akasubiri. Mpigaji akapiga kulia, na Sijaona akauparamia, akaubana kifuani, akalala nao pale shimoni bila kuinuka. Filimbi ikalia. Tulishinda. Tulimkimbilia, tukamwinua, tukamkuta analia.

Wanaume walikumbatiana. Padri na shehe walionekana wakicheza. Nilimwona Shomari akipiga magoti mahali palipokuwa jukwaa la mashariki, mkono wake chini, kama anayemgusa mgonjwa kichwani.

Kisha yakaingia magari ya askari.

*

Taifa lilitangaziwa msiba wa nyasi. Bendera zilipepea nusu mlingoti. Redio ilipiga muziki wa huzuni, na Mheshimiwa Lutakome alikuja na miwani myeusi, akaweka shada la maua juu ya shimo la golini. Wengi waliokamatwa waliachiwa kwa viboko. Sijaona hakuachiwa. Alishtakiwa kwa kuchimba katika eneo la serikali kwa kutumia mwili.

Lakini ripoti ya refa ilikuwa imeshafika kwenye shirikisho. Refa yule, ambaye sijui alitoka wapi na sijui aliko sasa, aliandika kwamba mechi ilichezwa na Nyundo ilishinda. Kisheria tulikuwa tumebaki Ligi Kuu, na tanuri lilikuwa letu. Serikali ilikuwa na tatizo.

Waziri alimwita Shomari kwenye ukumbi wa wageni maalumu. Wakaketi. Nailoni ya viti ikapiga kelele kila mmoja alipojitikisa. Kisa hiki nilikisikia kwa Shomari mwenyewe, kabla hajaacha kuzungumza.

"Kocha, wewe ni mzazi?" akauliza waziri.

"Nimemlea mpwa wangu, Mheshimiwa."

"Basi utanielewa. Mimi nami nimelea nyasi." Akavua miwani, akaifuta. "Kijana wako anaweza kulala nyumbani leo. Nataka kitu kidogo tu. Useme hadharani kwamba hakukuwa na mechi."

"Watu walikuwepo. Mji mzima ulikuwepo."

"Ndiyo maana nataka uwaambie wewe. Mimi hawataniamini."

"Nikisema hivyo, timu inashuka. Tanuri linaondoka."

"Tanuri ni chuma, kocha. Kijana ni damu. Nashangaa unasita."

Alimruhusu kwenda kumwona Sijaona kwanza. Sijaona alikuwa amevimba jicho, na vidole vya mkono wa kulia havikukunjika vizuri. Shomari alimweleza yote. Kijana akasikiliza, kisha akasema, "Mjomba, niache humu. Tulishinda. Usiwape."

"Wamekufanya nini mkono?"

"Usiwape, Mjomba."

Shomari alirudi nyumbani akakaa ukumbini bila kuvua viatu. Bi Mwanvita alimwuliza, akajibiwa, akakunja kona ya kanga.

"Kaseme," akasema. "Mtoto atoke kwanza. Aibu tutahangaika nayo baadaye."

"Ni watu wote hawa, Mwanvita. Ni kazi zao."

"Najua. Kaseme."

*

Tulikusanywa uwanjani siku ya tatu. Uzio ulikuwa umesimamishwa tena na shimo la golini limezibwa. Shomari alipewa kipaza sauti. Alikuwa amevaa suti ya harusi yake, imembana mabegani.

"Mimi Shomari Kidungwe, kocha wa Nyundo," alisema, "nasema Jumapili hapakuchezwa mechi hapa."

Hakuna aliyekohoa, na Tanurini kila mtu hukohoa. Mfungaji wa lile bao alikuwa amesimama karibu nami. Alitazama miguu yake kama anayeiuliza.

"Sema tena," waziri akanong'ona, na kipaza sauti kikamnasa.

"Hapakuchezwa mechi."

Askari wakaanza kupiga makofi, nasi tukafuata, kwa kuwa sisi ni watu wenye adabu. Mheshimiwa Lutakome akatoa hotuba ndefu juu ya ukweli, akasema ndio msingi wa soka. Akashuka, akapanda lifti, muziki ukapigwa kidogo, akatoka pale pale, akaingia garini.

Kwa kuwa hapakuwa na mechi, Nyundo ilishuka daraja. Kwa kuwa ilishuka daraja, Tanurini si mji wa viwanda. Malori yakaja. Tanuri lilikatwa vipande na mafundi wetu wenyewe, waliopewa kazi hiyo kama ajira ya mwisho, nao waliifanya kwa uangalifu sana. Hewa ilisafika. Nguo tunazoanika sasa zinabaki nyeupe, na tuliobaki mjini tunaonana kutoka mbali.

Watu hawakumtukana Shomari. Walimpisha njia tu, wote, kila alikopita, hata palipokuwa na nafasi.

*

Siku ile ile ya tamko, Bi Mwanvita alikuwa amefua shuka za Sijaona na kupika wali wa nazi. Wakasubiri. Jioni haikumleta. Asubuhi haikumleta. Siku zikapita, ikabidi Shomari achukue bakuli la chakula, alifunge kwa kitambaa, aende mwenyewe kwenye gereza la mji.

Getini alikuta afande mnene wa makamo, mpole, mwenye kalamu sikioni.

"Karibu, mzee. Tukusaidie nini?"

"Nimemfuata mpwa wangu, Sijaona. Niliambiwa angeachiwa."

Afande akaingia ndani, akakaa kidogo, akatoka. "Hayupo huyo."

"Ametoka?"

"Sijasema ametoka. Nimesema hayupo. Aliingia kwa kosa gani?"

"Walisema alichimba uwanja."

"Alichimba wakati gani?"

"Jumapili ile. Alikuwa anadaka."

"Anadaka nini, mzee?" Afande aliuliza bila ubaya wowote, akashusha kalamu kutoka sikioni. "Katika mechi gani?"

Nyuma ya afande walikuwa wamekaa vijana wawili wenye mashati ya kitenge, wasio na sare. Waliacha kuzungumza. Mmoja akageuza kiti kidogo ili asikie vizuri. Kutoka upande wa ndani, mbali, ilisikika sauti ya mtu akikohoa, kile kikohozi cha watu wa Tanurini. Shomari aliinua kichwa. Midomo yake ikafunguka.

Afande akasubiri, kalamu mkononi.

"Samahani, afande," Shomari akasema. "Nimekosea mlango."